Mkahawa wa Mgeni na Swali Lililotoka Rongai



Wasomaji wetu wapenzi, tumepokea barua kutoka kwa dada yetu mmoja anayeishi Rongai, katika kaunti ya Nakuru. Jina lake tunalisitiri. Ni mzaliwa wa pwani aliyeolewa akahamia bara, na kwa miaka kadhaa sasa yeye na mumewe wanaendesha hoteli ndogo kando ya barabara kuu iendayo Eldoret. Huuza chai ya maziwa, mahamri, chapati, maharagwe, ugali na nyama, na kila Ijumaa huteleka sufuria la pilau. Wateja wao wengi ni madereva wa malori na utingo wao, watu waliotoka bandarini Mombasa wakielekea Malaba na Uganda, pamoja na wenyeji wa pale ambao ni Wakalenjin, Wakikuyu na wengineo.

Sasa kodi imepanda na faida imepungua. Mwenzao waliyeingia naye ubia amewashauri waweke friji la bia pembeni mwa chumba. Hoja yake ni kwamba mkahawa wa mgeni haudumu mahali ila mwenyewe akubali kuacha baadhi ya mambo ya kwao na kumpa mwenyeji anachokitaka. Ndivyo walivyofanya, asema, wote waliofanikiwa katika miji mikubwa ya dunia. Dada yetu anauliza: je, ni kweli?

Kuhusu hukumu ya kuuza ulevi hatuna haja ya kurefusha maneno. Mtume wetu (s.a.w.) hakumtaja mnywaji peke yake; alimtaja pamoja naye auzaye, anunuaye, abebaye na alaye thamani yake. Dada yetu analijua hilo, wala barua yake haikuuliza hukumu. Imeuliza habari ya historia, na kwa kuwa mwenzao ameitoa historia kuwa shahidi wake, yafaa shahidi huyo aitwe na asikizwe vyema.

Kutoka Patna hadi mtaa wa George

Mkahawa wa kwanza wa chakula cha Kihindi unaojulikana kufunguliwa jijini London na Mhindi mwenyewe ulifunguliwa na mtu aliyezaliwa katika nyumba ya Kiislamu. Aliitwa Din Muhammad. Waingereza waliliandika jina lake Dean Mahomed, na baadaye akajulikana kwa jina la Sake Dean Mahomed.

Alizaliwa mwaka 1759 katika mji wa Patna, Bara Hindi. Baba yake alikuwa askari katika jeshi la Kampuni ya Kiingereza ya India Mashariki, na alikufa vitani kijana angali mdogo. Akiwa na umri wa miaka 11 hivi, Din Muhammad alimfuata afisa mmoja kutoka Ireland, Godfrey Baker, akakulia kambini. Mama yake hakuridhia safari ile, na mtoto mwenyewe alipokuwa mtu mzima aliandika juu ya uchungu wa mama huyo. Kila mama aliyewahi kumwona mwanawe akipanda basi kwenda kutafuta maisha aujua uchungu huo bila ya kuusoma kitabuni.

Mwaka 1784 alivuka bahari pamoja na Baker hadi mji wa Cork, Ireland. Miaka miwili baadaye alimwoa msichana wa huko aliyeitwa Jane Daly, na ili ndoa ile ikubalike katika sheria na jamii ya pale, akaingia katika Kanisa la Kianglikana. Mwaka 1794 alichapisha kitabu cha safari zake, nacho ndicho kitabu cha kwanza kuandikwa kwa Kiingereza na kuchapishwa na mtu wa Bara Hindi. Hatuyaelezi haya ili tumhukumu. Amekwisha kwenda kwa Mola wake, na siri za mja na Mola wake si zetu. Tunayaeleza kwa sababu swali la Rongai ni swali la kuacha na kubakiza, naye ni mtu aliyeacha mengi sana kabla hajateleka hata chungu kimoja.

Mnamo mwaka 1807 alihamia London na familia yake. Huko alifanya kazi katika nyumba ya tajiri mmoja, Basil Cochrane, aliyechuma mali yake Bara Hindi na ambaye sasa alikuwa akikaa Portman Square, mahali pa watu wakubwa. Mtaani humo walikaa Waingereza wengi wa aina hiyo: waliotumikia Kampuni miaka mingi, wakarudi kwao na fedha nyingi pamoja na hamu ya vyakula walivyovizoea ugenini. Mahomed aliwatazama akaona soko. Mwaka 1810 akafungua nyumba yake hatua chache kutoka hapo, katika nambari 34 ya mtaa wa George, akaiita Hindoostanee Coffee House.

Ilikuwa nyumba nzuri. Viti na makochi yalikuwa ya mianzi, kutani mlitundikwa picha za mandhari ya Bara Hindi, na palikuwa na chumba cha peke yake kwa wavutao buruma. Vyakula vilikolezwa viungo vya kikweli. Orodha ya vyakula vyake, iliyoandikwa kwa mkono na kujitokeza kwenye maonyesho ya vitabu vya kale mwaka 2018, inaonyesha pilau ya nanasi kwa pauni 1 na shilingi 16, na mchuzi wa kuku kwa shilingi 12. Ili tuzielewe bei hizo, tukumbuke kwamba kibarua wa shamba katika Uingereza ya siku zile alipata kiasi cha karibu shilingi 12 kwa kazi ya wiki nzima. Sahani moja ya mchuzi ilimeza jasho la siku sita.

Na sasa tufike penye swali la dada yetu. Tangazo ambalo Mahomed alilitoa katika gazeti mwaka 1811 liliwaalika mabwana waje wafurahie buruma, wale vyakula ambavyo Uingereza haijapata kuviona mfano wake, na wanywe mvinyo wa hali ya juu. Mvinyo ulikuwamo tangu mwanzo. Yeye aliyebadilisha dini na kuikaribisha chupa mezani alitimiza shauri la mbia wa Rongai kwa ukamilifu ambao mbia mwenyewe huenda hakuufikiria.

Mwaka 1812 alifilisika. Nyumba ile ilikuwa haijatimiza miaka miwili na nusu.

Kilichouangusha mkahawa wa Mahomed

Wazee wetu walisema kizuri chajiuza, kibaya chajitembeza. Methali hiyo ni ya haki, lakini haisemi kila kitu. Chakula cha Mahomed kilikuwa kizuri, na waandishi wa siku zake walikisifu. Kilichomwangusha kilikuwa mahali pengine.

Kwanza, wateja aliowalenga hawakuwa na njaa. Matajiri wale waliorudi kutoka Bara Hindi walikuwa na majumba yenye majiko makubwa, na wengi wao walikuja na wapishi na watumishi wao. Mtu ambaye mpishi wake anakaanga vitunguu nyumbani hana haja ya kutoka usiku wa baridi kwenda kununua mchuzi. Pili, wafanyabiashara wa India Mashariki walikuwa na kilinge chao tangu zamani, Jerusalem Coffee House, kilichokuwa katika mitaa ya biashara karibu na ofisi zao. Huko walikwenda kwa ajili ya habari za meli na bei za bidhaa, na chakula kilifuata baadaye. Tatu, gharama za kuipamba nyumba katika mtaa wa fahari zilikuwa kubwa kuliko mfuko wake, na mkahawa, tofauti na duka la vitambaa, hauwezi kungoja. Kilichopikwa leo kisipoliwa leo ni hasara.

Mvinyo haukuziba hata mojawapo ya nyufa hizo tatu. Waliokuwa na kiu walikuwa na ghala za mvinyo majumbani mwao.

Yafaa tumalize habari yake, kwani mwisho wake una faida kwa wasomaji wetu wanawake. Baada ya kufilisika alilazimika kutafuta kazi ya utumishi akiwa na umri wa zaidi ya miaka 50. Kisha yeye na Jane walihamia Brighton, mji wa pwani, na huko wakafungua nyumba ya kuogea kwa mvuke na kukanda viungo vya mwili. Neno la Kihindi la kukanda ndilo lililowapa Waingereza neno ambalo leo sisi twalitamka shampuu, na lililipata umaarufu mkubwa kupitia kwake. Jane alisimamia upande wa wanawake. Nyumba ile ilifanikiwa hata Mahomed akateuliwa mkandaji wa wafalme wawili, George wa Nne na William wa Nne. Alifariki mwaka 1851, na mwaka 2005 kikawekwa kibao cha ukumbusho karibu na mahali palipokuwa mkahawa wake huko London.

Huko Brighton hakuuza anasa kwa watu walioshiba. Watu walikuja pale wakiwa na maumivu ya viungo, nao walikuwa tayari kumlipa aliyewapunguzia. Tofauti ya London na Brighton ni tofauti ya kumtafuta mwenye haja na kumtafuta mwenye fahari.

Waliowalisha wenye njaa

Turudi kwetu. Mwaka 1896 ilianza kutandikwa reli kutoka Mombasa. Ilifika Nairobi mwaka 1899, ikafika Nakuru mwaka 1900, na mwaka 1901 ikagusa ziwa huko Kisumu. Rongai ilingoja zaidi. Reli yake ilikuja na njia ya Uasin Gishu, iliyoanza kujengwa kutoka Nakuru mwaka 1921 na kufika Eldoret mwaka 1924. Kwa kazi ya reli ya kwanza waliletwa vibarua 31,983 kutoka Bara Hindi, wengi wao wakiwa Wapunjabi, na miongoni mwao Waislamu walikuwa wengi. Waliokufa ni 2,493, na waliobaki baada ya mikataba yao kwisha ni 6,724.

Watu hao hawakuja kufungua mikahawa. Walikuja na njaa yao na namna yao ya kuishibisha: dengu, samli, wali, na unga wa ngano uliokandwa, ukasukumwa, ukachomwa juu ya chuma cha moto. Baada yao wakaja wenye maduka, na katika miji iliyozaliwa na reli zikaota hoteli ndogo ndogo za Wahindi, za Washihiri waliotoka Hadhramaut, za Wasomali na za Waswahili wa pwani. Neno hoteli lenyewe tunalitumia kama litumiwavyo Bara Hindi, kwa maana ya mahali pa kula, ingawa Mwingereza alikusudia mahali pa kulala. Ukipita leo mtaa wa Bondeni mjini Nakuru, mahali ambapo Waislamu wamekaa tangu siku za zamani, waweza kunusa sambusa kabla hujaiona.

Ni nani waliokula katika hoteli hizo? Walikuwa wafanyakazi wa reli, makuli wa stesheni, makarani, wachukuzi, madereva, watu waliolala mbali na wake zao na mama zao. Hawakuwa na jiko. Hiyo ndiyo haja iliyomkosa Mahomed katika Portman Square, nayo ilikuwa tele katika kila stesheni kutoka Voi hadi Eldoret.

Tazameni matokeo yake. Chapati, iliyokuja na kibarua, imekuwa chakula cha sherehe katika nyumba za Wakikuyu, Waluo na Wakalenjin, na kuna watoto wa bara ambao hawawezi kuifikiria Krismasi bila ya harufu yake. Hakuna aliyewalazimisha, wala mwenye hoteli hakuibadilisha chapati ili impendeze mwenyeji. Mwenyeji alikuja, akala, akarudi, kisha mkewe akajifunza kuipika. Mgeni njoo, mwenyeji apone; na katika jambo la chakula wenyeji wetu wamepona kwelikweli.

Jambo lilo hilo lilitokea London miaka zaidi ya 100 baada ya Mahomed. Mabaharia wa Kiislamu kutoka Sylhet, ambayo leo imo Bangladesh, walikuwa wakifanya kazi ya makaa na moto katika meli za Waingereza. Baadhi yao walitoroka melini bandarini, wakajikuta katika mitaa ya mashariki ya jiji bila lugha, bila makaratasi na bila chakula wanachokijua. Katika miaka ya 1920 mmoja wao, Ayub Ali, aliyeitwa Master, alifungua mkahawa katika nambari 76 ya mtaa wa Commercial akauita Shah Jalal, kwa jina la walii mkubwa wa Sylhet. Ulikuwa mkahawa na pia ulikuwa ofisi ya maskini. Mgeni alilishwa, akaandikiwa barua ya kwao, akasaidiwa kujaza makaratasi ya serikali, akaelekezwa pa kulala. Mwaka 1943 Ayub Ali na mwenye mkahawa mwingine wa Kisylheti, Shah Abdul Majid Qureshi, walishiriki kuunda chama cha kuwasaidia mabaharia wa Kihindi. Kutokana na watu wa aina yao ndipo zilipokuja kuenea hoteli za Kibengali zilizojaa Uingereza nzima baada ya Vita vya Pili vya Dunia.

Insafu yatutaka tuseme pia upande wa pili. Nyingi ya hoteli hizo zilizokuja baadaye, ingawa wenyewe ni Waislamu, ziliuza bia, na zilichuma. Walevi waliotoka vilabuni usiku wa manane ndio waliokuwa wateja wa wengi wao. Mbia wa Rongai akilitaja hilo hatakuwa amesema uongo. Qur'ani yenyewe haikukanusha kwamba katika ulevi mna manufaa kwa watu. Imetuambia kwamba dhambi yake ni kubwa zaidi kuliko manufaa hayo. Kwa hiyo hatumwahidi dada yetu kwamba anayeuza haramu hufilisika sikuzote na anayeuza halali hutajirika sikuzote. Tukisema hivyo, mtu wa kwanza kumwona muuza pombe akijenga ghorofa atadhani dini imemdanganya.

Tunalosema ni dogo zaidi, nalo lina uthabiti. Hoja ya kwamba mgeni hadumu ila aache ya kwao haikuthibitika. Aliyeacha zaidi ya wote ndiye aliyefilisika, na walioshika vya kwao wakawapikia wenye njaa ndio walioibadilisha meza ya nchi nzima.

Jina lililovuka bahari mara mbili

Kuna mfano mmoja wa watu waliotoka hapa kwetu Kenya. Familia ya Anand, Wahindi waliohamia Nairobi, walikuwa na nyumba yao ya kulia jijini humo iliyoitwa Brilliant. Baadaye wakahamia Uingereza, na mwaka 1975 wakafungua mkahawa Southall, magharibi mwa London, kwa jina lile lile. Wao si Waislamu, na desturi za nyumba yao si zetu. Lakini angalieni walianza kumpikia nani. Southall ilikuwa imejaa Wapunjabi, na miongoni mwao walikuwamo wengi waliotoka Afrika Mashariki kama wao, watu waliolijua jina lile tangu Nairobi. Katika mikahawa ya Wahindi wa Afrika Mashariki huko Uingereza hadi leo utakuta chakula kiitwacho mogo. Ukiletewa sahani utacheka peke yako, kwani ni muhogo wa kukaanga, wenye chumvi na pilipili na ndimu, kama uuzwao jioni kando ya bahari Mombasa. Muhogo ulikwenda London, ukapoteza silabi moja, na ladha yake ikabaki.

Jibu letu kwa dada wa Rongai

Dada yetu, wewe na mumewe mna kitu ambacho Mahomed hakuwa nacho. Mnakaa mahali ambapo watu wana njaa ya kweli. Lori lililopakia Mombasa, likipita Nairobi na Nakuru, humfikisha dereva kwenu akiwa amechoka na amekula vumbi la siku nzima. Salgaa iko jirani yenu, na kila mtu aijua kwa malori yanayolala pale. Miongoni mwa madereva hao wamo wana wetu wa pwani na ndugu zetu Wasomali, ambao kabla ya kuuliza bei huuliza nyama imechinjwa na nani. Mahamri na mbaazi kwa mtu wa Kisauni aliye mbali kiasi hicho na kwao ni zaidi ya kifungua kinywa.

Basi kabla ya kujadili friji, tunakuomba ufanye jambo moja. Kwa wiki mbili, andika katika daftari kila mteja aliyeingia akatoka bila kununua, na alichokiuliza. Labda wanataka chakula saa kumi alfajiri, nawe wafungua saa moja. Labda wanataka cha kufungiwa waende nacho, au maji safi ya kuoga uso, au mahali pa kuegesha lori palipo salama. Labda wanataka mkeka safi na birika la maji ili waswali Adhuhuri na Alasiri wasizipitishe njiani. Orodha hiyo ndiyo itakayokuambia faida imepotelea wapi. Huenda bia isiwemo kabisa ndani yake, na ikiwemo, utajua ni ya watu wangapi.

La pili, mhesabu mbia wenu kwa hesabu yake mwenyewe. Bia inataka leseni ya serikali ya kaunti, inataka mlinzi wa usiku, nayo inabadilisha sura ya chumba. Mama aliyeingia na watoto wake kungoja matatu hataingia tena. Dereva aliyekuja kwa sababu hoteli yenu ni ya halali hatakuja tena, wala hatakuambia kwa nini. Zaidi ya hayo, mteja wenu mkubwa ni mtu wa usukani, na mteremko wa kutoka Sachangwan hadi Salgaa unajulikana Kenya nzima kwa ajali zilizowaacha wajane na mayatima. Hata asiyekuwa Mwislamu angepaswa kufikiri mara mbili kabla ya kumuuzia chupa mtu atakayeushika usukani wa lori lenye tani nyingi alfajiri. Mbia wenu akiulizwa hivyo kwa upole, mbele ya mumeo, na hesabu ikiwa mezani, huenda moyo wake ukalainika.

La tatu, andikeni ubia wenu. Mola wetu ametuamuru kuyaandika madeni katika aya iliyo ndefu kuliko zote katika Qur'ani, nasi tunaendelea kushirikiana kwa maneno ya mdomoni na soni ya udugu. Iandikwe ni nani ametoa nini, nani anaamua nini, na mmoja akitaka kutoka atatokaje. Ikiwa mbia atashikilia bia, mtaachana kwa karatasi na salama, hata kama itawabidi mhamie kibanda kidogo zaidi. Kibanda kidogo chenye kodi ndogo na sufuria isiyobaki chakula jioni ni bora kuliko nyumba ya fahari ya mtaa wa George.

La mwisho ni lako wewe mwenyewe. Barua yako inasema hoteli ni ya mume wako nawe unamsaidia. Lakini tulipoisoma tena, tuliona kwamba mikono inayokanda unga saa tisa za usiku ni yako, viungo vya pilau ni vya mama yako, na wateja wanalitaja jina lako. Katika historia hizi zote, majina ya wanawake yamebaki jikoni. Jane tunamjua kwa sababu alisimama mlangoni mwa upande wake huko Brighton. Katika karatasi hiyo ya ubia, dada, jina lako nalo liandikwe, na fungu lako lijulikane. Hiyo ni haki yako katika dini kabla haijawa haki yako katika sheria ya nchi.

Nakuru ilipewa hadhi ya jiji mwezi Desemba mwaka 2021, na jiji huvuta wageni. Watakuja wengine baada yenu, kutoka pwani, kutoka kaskazini, pengine kutoka ng'ambo, nao watatafuta mahali pa kula palipo na usafi na imani. Wakikuta pale kando ya barabara ya Rongai pana hoteli yenye mlango wazi, mkeka wa kuswalia na pilau ya Ijumaa, watajua kwamba waliotangulia hawakuona lazima kuacha ya kwao ili wakae.

Tunamwomba Mwenyezi Mungu aibariki riziki yenu, aipanue bila ya kuichafua, na awahifadhi wasafiri wote wapitao njia hiyo. Wasomaji wenye uzoefu wa biashara ya chakula bara, tuandikieni. Nasaha zenu tutamfikishia.

Wabillahi tawfiq. Wassalamu alaykum warahmatullahi wabarakatuh.